Malkia Alipomshika Njeri Kidole

Wiki moja baada ya kumzika mama huko Gatuanyaga, mimi na binti yangu tulirudi kupanga vitu vyake. Havikuwa vingi. Mama alikuwa mtu wa kugawa, na miaka ya mwisho aligawa hata sufuria ambazo alikuwa bado anazipikia. Chini ya kitanda kulikuwa na sanduku lake la bati, na ndani yake, chini ya Biblia na kitambaa cha kichwa cha akina mama wa kanisa, kulikuwa na mkebe wa kakao. Binti yangu, aliyemwita bibi yake cucu kwa Kikuyu, aliufungua akarudisha uso nyuma.

"Mum, hii inanuka siki. Cucu alikuwa anaweka achari hapa?"

Haikuwa achari. Ndani kulikuwa na utepe mwembamba wa plastiki, umejikunja na kushikana, rangi yake kama ya chai isiyo na maziwa. Nilipougusa ulivunjika kama ganda la kitunguu kilichokauka. Niliinua kipande kimoja dirishani na sikuona kitu. Nilimwomba binti yangu akaangalie kama maji ya chai yamechemka, nikakaa kitandani na ule mkebe magotini. Binti ana miaka thelathini na hajawahi kusikia habari ya ule utepe. Nilikuwa nimemwachia mama aisimulie mwenyewe akitaka, na hakuwahi kutaka.

Wakati wa utoto wangu tuliishi kwenye shamba la kahawa nje kidogo ya Ruiru, upande ambao siku hizi umejaa nyumba za kupanga mpaka Gatongora, ambako mimi mwenyewe nimejenga. Nyumba za wafanyakazi tuliziita laini, kwa kuwa zilisimama kwa mistari, mlango kwa mlango. Mama alichuma kahawa. Baba alifanya kazi katika kiwanda cha nguo kule Thika, akija nyumbani mwisho wa mwezi, na mara chache katikati. Sisi Wakikuyu tulikuwa wengi, lakini laini ya tatu ilikuwa ya watu wa magharibi, na kati ya laini na laini tulisikilizana kwa Kiswahili, kila mtu na chake.

Mara mbili au tatu kwa mwaka lilikuja gari la sinema. Lilikuwa la kampuni iliyouza sabuni na dawa za minyoo, na sinema ilikuwa njia yao ya kutukusanya. Mashamba mengine walionyesha jioni uwanjani, lakini meneja wetu hakupenda watu wakae nje giza likiingia, kwa hivyo sisi tulionyeshwa Jumapili mchana, baada ya kanisa, ndani ya stoo ya kahawa. Madirisha yalizibwa kwa magunia, kitambaa cheupe kikatundikwa ukutani, mlango ukafungwa. Mpaka leo nikipita mahali penye magunia ya katani yaliyopigwa na jua, nangoja kusikia mashine ikianza kukereza.

Mwenye mashine aliitwa Wafula. Alikuwa mwanamume mrefu wa kutoka Bungoma, mpole, na alikuwa na kipaza sauti. Sinema zilisema Kiingereza naye akatutafsiria, au tuseme alitutungia. "Huyu kuku ni mgonjwa," angesema. "Mnaona vile amesimama? Huyo ni kuku wa mtu ambaye hasafishi banda, na mwenyewe anajijua, yuko hapa ndani." Watu wangeangua kicheko na kutazamana.

Mpangilio haukubadilika. Kwanza kuku, halafu maji ya kuchemsha, halafu mfalme, na mwisho mtu mnene aliyeanguka kila mahali palipokuwa na ndoo. Sisi watoto tuliwavumilia kuku kwa ajili ya yule mtu mnene. Lakini mama yangu alikwenda kwa ajili ya mfalme.

Ilikuwa sinema ya habari, nyeusi na nyeupe, ya mfalme wa nchi ya mbali aliyekuja na malkia wake kumtembelea rais. Nchi yenyewe siwezi kuwaambia ni ipi, kwa sababu Wafula aliitaja kwa jina tofauti kidogo kila alipokuja. Ndege ilitua. Wanajeshi wakasimama, bendi ikapiga, mfalme akatembea juu ya zulia akiwa na upanga kiunoni. Kisha gari refu lisilo na paa likaja kwa barabara ya Thika, kwa maana wageni walipelekwa kuona mashamba. Mahali ambapo sasa ni Witeithie, na wakati ule palikuwa miti na vumbi tu, wanawake wa shamba letu walikuwa wamesimama wakiimba. Walipelekwa pale alfajiri kwa lori la kahawa. Gari likasimama, malkia akashuka, amevaa glavu nyeupe zilizofika kwenye viwiko. Alitembea mbele ya wanawake akiwaamkia kwa kichwa, akafika kwa mama yangu, akasimama.

Mama amegeuka ubavu. Mgongoni ana mtoto mwenye kofia nyeupe ya uzi, na mtoto ametoa mkono nje ya shuka, kidole kimoja kimenyooka. Malkia anainama anakishika kile kidole. Mtoto anamtazama kama mtu aliyeulizwa swali gumu. Ukihesabu polepole mpaka tano, imekwisha, na malkia yuko garini tena.

Kila ilipofika hapo, wanawake wa laini yetu walisema, "Njeri huyo." Walilisema kwa sauti ya chini, kama watu wanavyoitikia kanisani. Tata Wangari, jirani yetu tuliyemwita tata, yaani shangazi, ambaye kwenye sinema anaonekana nusu uso kando ya mama, alikuwa wa kwanza kulisema kila mara. Na mimi ndimi Njeri. Mama aliitwa Mama Njeri na shamba zima. Hesabu hiyo hata mtoto wa miaka saba aliweza kuifanya, nami niliifanya nikapata kwamba nimeshikwa kidole na malkia.

Hakuna aliyeniambia hivyo. Nilijiambia mwenyewe, na hakuna aliyenisahihisha. Shuleni nilikuwa Njeri wa kwenye sinema. Nilikionyesha kidole changu kwa watoto waliotaka kukiona, na wengine walitaka kukigusa. Nilijaribu kukumbuka ile glavu na baada ya muda nikaikumbuka kweli: baridi kidogo, laini, inanuka sabuni. Nilipokuwa mgonjwa nilikilaza kile kidole juu ya blanketi, nje, kisije kikaambukizwa. Hata ile sauti ya chini ya wanawake niliichukua kuwa heshima yangu.

Kitu kimoja tu kilinisumbua. Kila mara mama alivaa gauni lake la kanisa na viatu, akaketi mbele kabisa, na mfalme alipokwisha alinishika mkono tukatoka nje, wakati yule mtu mnene alikuwa hajatokea. Nilikuwa nikisikia kicheko cha wenzangu nikiwa nimeshafika kwenye bomba la maji. Sikuwa nimewahi kumwona yule mtu mnene hata mara moja. Nilidhani mama anampenda malkia, na kwamba siku moja malkia akirudi mama atapanda lile gari refu aende naye. Nilimwonea wivu yule malkia kwa muda mrefu.

Aliyeniharibia ni Nekesa wa laini ya tatu. Tulikuwa darasa moja na alikuwa hodari wa hesabu. Siku moja wakati wa kuteka maji, nilipokuwa nimeshaanza kumweleza mgeni fulani habari ya kidole, alitua mtungi wake chini.

"Lakini mama yangu anasema walipohamia hapa, mfalme alikuwa ameshaenda," alisema.

"Na hiyo inanihusu nini?"

"Mimi nilizaliwa hapa. Na mimi na wewe tulizaliwa mwezi mmoja. Sasa ulikuwa kwa sinema namna gani?"

Hakusema kwa ubaya. Alikuwa ameona hesabu haikubali akataka kujua. Nilimsukuma akaanguka ndani ya mfereji wa maji ya maganda ya kahawa, yale maji ya kahawia yanayonuka kama pombe iliyochacha, na jioni mama yake alimleta kwetu akiwa bado ananuka. Nilichapwa. Baada ya kuchapwa nilimuuliza mama.

"Yule mtoto wa kwa sinema ni mimi?"

Mama alikuwa anamenya viazi. Hakuacha kumenya. "Nani amekutuma uniulize hivyo?"

"Nekesa anasema si mimi."

"Mwambie Nekesa ashike masomo."

Mwisho wa mwezi nilimuuliza baba. Baba aliniita maitu, yaani mama, kwa kuwa nina jina la mama yake, na hakuwa mtu wa kuninyima jibu. Alinitazama kidogo, akavua kofia, akaivaa tena. "Maitu," alisema, "hayo muulize mama yako." Basi nikajua kuna jambo, na nikaamua kwamba jambo lenyewe ni Nekesa kunionea wivu, na dawa yake ni kila mtu anione vizuri.

Gari la sinema liliporudi nilitoka kanisani kabla ya baraka ya mwisho. Nilimkuta Wafula peke yake ndani ya stoo, amepiga goti, anapitisha mkanda kwenye vigurudumu vya mashine. Nilimwamkia, akanijibu vizuri, akaniuliza habari za mama.

"Mzuri," nikasema. "Amesema usimamishe mfalme pale kwa mtoto. Aone vizuri."

Aliacha kazi akaniangalia. "Mama Njeri amesema?"

"Ndio."

"Mwenyewe?"

"Ndio. Amesema nije nikuambie."

Wafula alijifuta mikono kwa kitambaa. Alinieleza kama anavyoelezwa mtu mzima. Taa ya mashine ile ina joto kali, na mkanda huponea kwa sababu unakimbia. Kulikuwa na bamba la chuma la kuukinga ukisimama, lakini lilivunjika zamani, na ofisini wanamwambia tu angoje jipya. "Nikisimamisha, ni kuchezea moto," alisema. Kisha aliutazama mkanda. Sasa najua alichokuwa anakifikiria, maana wanawake walikuwa wamemweleza habari yetu siku nyingi, na mimi peke yangu ndiye sikuijua. "Lakini kama ni mama mwenyewe ameomba," alisema mwishowe, "nitajaribu. Kidogo tu. Hesabu ya mbili."

Kuku walipita, maji yakachemka. Nilikuwa nimeketi mbele na mama, na nyuma yangu nilikuwa nimehakikisha Nekesa anaona. Ndege ilitua. Bendi, zulia, upanga, barabara, malkia. Malkia akainama, akashika kidole, na mashine ikabadilisha sauti. Picha ikasimama.

Sikuwahi kumwona yule mtoto akiwa ametulia. Mdomo ulikuwa wazi kidogo. Kofia imevutwa upande mmoja, sikio moja liko nje. Nilisikia mama akivuta pumzi. Halafu katikati ya glavu ya malkia pakatokea doa la kahawia. Lilianza dogo kama punje ya mtama, likapanuka, kingo zake zikitokota kama uji. Lilikula glavu, likala kidole, likapanda kwenye kofia, na uso wa mtoto ukajikunja ukawa shimo la mwanga mweupe.

Mama alisimama. Alipita kati ya watu waliokuwa wameketi chini, akafika ukutani, akaweka kiganja chake juu ya kitambaa, pale pale, kama mtu anayezima moto wa nguo. Kwenye kile kitambaa hakukuwa na kitu tena ila mwanga na mkono wa mama na kivuli chake. Wafula alizima taa. Mtu akafungua mlango, jua likaingia, na kila mmoja akaangalia miguu yake.

Wafula alikuja mbele akiwa na jasho. "Mama Njeri, nisamehe. Nilijua ni hatari. Lakini kwa vile uliniomba."

"Nilikuomba nini?"

"Kusimamisha. Msichana alikuja akasema umemtuma."

Mama aligeuka akaniangalia. Nimewahi kuangaliwa kwa hasira na mama mara nyingi, kabla ya siku hiyo na baadaye. Hii haikuwa hasira. Alinishika mkono, tukatoka mpaka kwenye vitanda vya kuanikia kahawa, ambavyo siku ya Jumapili vilikuwa vitupu, akaketi kwenye ukingo wa kimoja akaniketisha kando yake.

"Ulitaka kuona nini?" aliuliza.

"Nilitaka watu waone ni mimi."

"Yule si wewe."

"Ni nani?"

"Ni Njeri."

"Njeri ni mimi," nikasema, na nikaanza kulia, maana nilikuwa nimeshaelewa kwamba Nekesa amepata hesabu.

"Kulikuwa na Njeri mwingine kabla yako. Dada yako. Mfalme alipita, na miezi mitano baadaye mtoto akashikwa na ukambi, tukampeleka Thika hospitali, hakurudi. Wewe ulipozaliwa, cucu yako, mama ya baba yako, alikuwa tena hana mjukuu wa kumwitikia jina. Ukapewa."

"Mbona hukuniambia?"

"Kila tukitoka kwa sinema ulikuwa umefurahi. Ningeanzia wapi?"

Nataka kusema kwamba nilimhurumia mama papo hapo, lakini sivyo ilivyokuwa. Kitu cha kwanza nilichokisikia ni kunyang'anywa kidole. Nilikitazama kikawa kidole cha kawaida, kina wino wa shule. Cha pili ndicho kilikuja kwa nguvu zaidi. Nilimuuliza mama kama yule mtoto ameumia alipoungua.

"Hapana," alisema. "Ni picha tu." Lakini alilisema akiangalia mbali. Nami nilijua kuwa hatukuwa na picha yoyote nyumbani, ya mtu yeyote, na kwamba ile ndani ya stoo ndiyo pekee, na kwamba kwa miaka yote mama alikuwa akivaa viatu vya kanisa kwenda kumwona mtoto wake kwa hesabu ya tano.

Tulikuwa bado pale Wafula alipotufuata. Alibeba gurudumu la mkanda mkononi na utepe mrefu ulikuwa unaning'inia. Alimwomba mama asimame, akauinua ule utepe kuelekea jua.

"Angalia, mama. Imeungua moja. Hii ya kando yake imeshika moshi. Basi. Zingine ziko."

"Zingine zipi?"

"Picha. Hii yote ni picha. Kila kidirisha ni picha yake."

Mama alikaribia. Vidirisha vilikuwa vidogo, kila kimoja kama ukucha wa kidole cha mwisho, na vilipangana kimoja juu ya kingine kama nyumba za laini. Ndani ya kila kimoja alikuwamo mama, na mgongoni mwake mtoto. Mama alikuwa amedhani siku zote kwamba ni picha moja inayotembea, na kwamba ikiungua imeungua. Hakuna aliyewahi kumwonyesha.

"Ni ngapi?" aliuliza.

"Pale kwa mtoto? Zaidi ya mia."

Alizipitia moja moja, akiusogeza utepe kwa ncha za vidole kama alivyofundishwa na Wafula, akishika kingo tu. Alichukua muda mrefu. Ndani ya stoo watu walianza kupiga makofi wakitaka sinema iendelee, Wafula akajifanya hasikii. Karibu na mwisho wa utepe mama aliacha kuusogeza.

"Hapa anaanza kucheka," alisema.

Wafula aliinama akaangalia, nami nikanyanyuliwa nikaangalia. Ilikuwa kweli. Katika vidirisha vinne au vitano vya mwisho, kabla malkia hajanyooka, shavu la mtoto lilikuwa limepanda na jicho limeanza kufumba. Mkanda ulipokuwa unakimbia hakuna mtu aliyewahi kuliona hilo. Mama mwenyewe, aliyeiangalia mara zote zile, hakuwahi kuliona, na siku yenyewe alikuwa amempa mtoto mgongo.

"Naweza kukukatia," Wafula alisema. "Lazima nikate palipoungua hata hivyo. Lakini nikukatie kidogo, ama nikukatie yote? Nikikata yote, kwa sinema hataonekana tena. Malkia atakuja tu, halafu atakuwa ameenda. Watu wa hapa wamezoea kumwona."

Mama aliangalia mlango wa stoo. Tata Wangari alikuwa amesimama pale, ametuacha peke yetu, anawazuia watoto wasitoke.

"Ofisini hawatakusumbua?" mama aliuliza.

"Nitasema mkanda ulikatika. Mashine yenyewe ni ya kukata mikanda."

"Kata yote," mama alisema. "Huko ndani watu wanamwangalia malkia."

Wafula alitoa wembe mfukoni mwa shati, akakata juu, akakata chini. Alimpa mama utepe uliokuwa na urefu kama mara mbili ya mkono wangu kutoka bega mpaka ncha za vidole, akaunganisha mkanda uliobaki kwa gundi na karatasi yake maalumu, akarudi kazini. Sisi hatukurudi ndani. Tulikwenda nyumbani, mama akamwaga kakao iliyobaki kwenye kikombe, akaosha mkebe, akauanika juani mpaka ukakauka kabisa.

Nekesa nilimwambia kesho yake kwamba alisema kweli. Hakujigamba. Aliuliza dada yangu alikufa na nini, nikamwambia, naye akasema kwao pia yuko mmoja, alizikwa Bungoma kabla hawajahama, na mama yake humtaja tu wakati wa kupalilia. Toka siku hiyo tulichota maji pamoja.

Sinema iliporudi, mama alibaki nyumbani na mimi nikaruhusiwa kwenda peke yangu. Malkia alishuka garini, akatembea mbele ya wanawake, akafika kwa mama, mkanda ukaruka, akawa ameshapanda gari. Watu waliguna. Wafula alisema kwenye kipaza sauti kwamba wageni walikuwa na haraka siku hiyo. Nilikaa mpaka mwisho na kumwona mtu mnene akianguka kwenye ndoo zote. Alikuwa anachekesha, ingawa si kiasi nilichokuwa nimewaza nikiwa bombani.

Jumapili asubuhi mama alikuwa akikaa kwenye kizingiti na ule utepe, akiuelekeza juani, na akaanza kuniita nione naye. Hapo ndipo alianza kumsimulia. Njeri alichukia uji. Njeri alitambaa kinyumenyume. Njeri alilala tu akisikia cherehani ya tata Wangari. Nilisikiliza Jumapili tatu au nne, na ya tano nikamuuliza swali langu mwenyewe.

"Na mimi nilikuwa vipi?"

Mama alishusha utepe. Alifikiri, na niliona anafikiri sana, kama mtu anayetafuta kitu ndani ya nyumba aliyoizoea akakuta hakipo mahali pake. "Wewe ulikuwa unalia," alisema mwishowe. "Nilikuogopa. Nilikuwa nikikusikia unalia nasema angalau yuko hai." Kisha akaurudisha utepe kwenye mkebe akafunika.

Baba alipokuja mwisho wa mwezi, mama alimwambia wakiwa mezani kwamba Jumamosi inayofuata atanipeleka Thika, na baba atukute kituoni. Baba aliuliza kuna nini. "Njeri anapigwa picha," mama alisema. Baba aliitikia kwa kichwa na kuendelea kula.

Studio ilikuwa nyuma ya duka la nguo, chumba chembamba, ukutani wamechora maporomoko ya maji yenye samawati nyingi kuliko maji yoyote niliyowahi kuyaona. Nilivaa gauni la njano ambalo tata Wangari alilishona kwa siku mbili. Mpiga picha alikuwa mzee wa haraka haraka, na penseli sikioni. Aliniweka kwenye kiti, akanyoosha shingo yangu, kisha akachukua bahasha ili aandike.

"Jina la msichana?"

"Njeri," mama alisema.

Aliandika. "Ni kifungua mimba wenu?"

Lilikuwa swali la kupitisha muda, watu wa studio wanavyozungumza ili mtoto azoee. Nililijua jibu lake. Kliniki, shuleni, kanisani, kila mahali nilipoandikishwa, mama alikuwa amejibu ndiyo, ndiye wa kwanza. Baba alikuwa amesimama mlangoni ameshika kofia yake. Mama alikuja mpaka kwenye kiti, akainama, akanitengeneza kola ambayo haikuwa na kosa.

"Hapana," alisema. "Huyu ni wa pili."

"Na wa kwanza mmemwacha wapi? Mngekuja naye, mpigwe wote mara moja."

"Yule ako na zake," mama alisema. "Leo ni ya huyu."

Mpiga picha akasema vizuri, akarudi nyuma ya kamera yake, akaniambia niangalie mbele.